Mbwa Aliyesoma Uso wa Zaina

Watu wa bandari ndogo za Kisangani walimjua Rumba kabla ya kumjua Zaina. Rumba alikuwa mbwa jike mweusi, masikio yamelegea kama majani ya mgomba wakati wa jua kali, na hakuwa mbwa wa kuuma wala wa kubweka ovyo. Kazi yake ilikuwa pua. Mitumbwi mikubwa ya mota, ile inayoitwa balenieri, ilipofika kutoka Isangi na Yanonge imesheheni mihogo, ndizi za kupika ziitwazo makemba, na samaki wa moshi, Rumba alishushwa garini akapita kati ya mizigo, akinusa. Akikuta harufu ya pembe ya ndovu au ya magamba ya kakakuona, aliketi kitako mbele ya mzigo ule na kutulia tuli. Ndipo Zaina alipochomoa mpira wa raba mfukoni na kumrushia. Chakula Rumba alipewa asubuhi na jioni, afanye kazi asifanye. Mpira aliupata kwa kuketi tu, na kwa ajili ya mpira ule angeweza kuvuka mto.

Zaina hakuajiriwa kuwa mtu wa mbwa. Aliajiriwa kuwapikia watu wa kikosi. Shirika moja dogo la kulinda wanyama wa porini lilikodi uwanja upande wa njia ya Kapalata, likajenga vibanda, likamleta Sadrack kutoka mashariki awe mkubwa wa kikosi, maana yeye ndiye aliyekuwa amejifunza kazi hiyo. Sadrack akaona kwamba Rumba, kila akifunguliwa, anakimbilia jikoni. Alidhani anafuata chungu. Kumbe hata siku ambayo moto haukuwashwa, Rumba alikwenda kulala juu ya miguu ya Zaina.

"Mbwa amekwisha kuchagua," Sadrack alisema. "Sasa miye ni nani nikatae?"

Nyumbani kwao, mtaa wa Kabondo, habari hiyo haikupokewa kwa vigelegele. Mama yake, Kadidja, alitoka katika zile familia za Kiislamu zilizokaa mjini tangu enzi za misafara. Kwao mbwa analinda uani, hapiti mlangoni, na mate yake yakigusa nguo, nguo inaoshwa mara saba, mara moja kwa udongo. Kadidja hakumkataza binti yake. Aliweka ndoo nyuma ya nyumba, na kando ya ndoo kopo la udongo safi.

"Kazi ni kazi," alisema. "Lakini mbele ya kuingia kwangu, pitia kwa ndoo."

Basi Zaina akawa anapitia kwenye ndoo kila jioni, na maisha yakaenda.

Kazi ilianza vizuri mno. Rumba aliketi mbele ya magunia ya mihogo mikavu, na chini ya mihogo yakatoka magamba ya kakakuona, mengi, yamefungwa kwa nailoni kama karanga za kuuza. Sadrack alimpongeza Zaina mbele ya askari na wachuuzi. Redio ya mjini ikamtaja jina. Majirani walikuja kumwuliza Kadidja kama kweli ni binti yake, na Kadidja akajibu, "Kwani iko na Zaina ngapi hapa?" Sifa zina utamu wake. Zaina alikuwa mwanamke wa makamo, ameachwa na mume, amezoea kupita njiani bila mtu kugeuza shingo. Sasa akishuka garini, watu walimwachia njia.

Baada ya hapo Rumba alizidi kuketi. Mara nyingine kilipatikana kitu, mara nyingine hakikupatikana. Mara ya kwanza mzigo ulipofunguliwa ukawa mtupu, Zaina aliubana mpira mfukoni, hajui la kufanya.

"Mupatie," Sadrack alisema.

"Lakini chef," Zaina alisema, kama wote walivyomwita mkubwa wao, "hakuna kitu."

"Ilikuwapo, wameitoa. Harufu inabaki. Ukimunyima leo, kesho atachoka, hatatafuta tena. Mupatie mupira, asivunjike moyo."

Maneno hayo yalikuwa na ukweli ndani yake, maana harufu kweli hubaki. Zaina akarusha mpira. Na alipourusha mara moja, mara ya pili haikuwa nzito.

Asubuhi moja, mvua imenyesha alfajiri na mchanga wa bandari umekuwa tope, balenieri ya Isangi ilifika ikiwa imeinama upande mmoja kwa wingi wa mizigo. Kati ya walioshuka alikuwamo Josée, mchuuzi wa samaki wa moshi, mwanamke mnene mwenye sauti ya kusikika ng'ambo hadi Lubunga. Vikapu vyake vilikuwa vimepangwa vizuri na kufunikwa majani. Askari walipotaka watu wasogee, Josée hakusogea. Aliweka mkono juu ya kikapu kimoja na kuanza kusema: samaki wake hawapendi kuguswaguswa, wateja wanamngoja sokoni, mbwa hana haja ya kutia pua kwenye chakula cha watu.

Zaina alimtazama. Akajiuliza, Huyu anaficha nini? Mbona mkono hautoki pale?

Rumba alipita kwenye magunia, akapita kwenye mikungu ya makemba, akafika kwenye vikapu vya Josée. Akanusa. Akainua kichwa. Akaketi.

"Eeeh!" watu wakapiga kelele. "Mama wa samaki! Kumbe na wewe!"

Askari hawakungoja. Walikata kamba, wakamwaga kikapu cha kwanza, cha pili, vyote vilivyokuwapo. Samaki waliokaushwa kwa siku nyingi juu ya moto wa kuni waliangukia kwenye tope, wakakanyagwa kwa mabuti, wakapinduliwa kwa fimbo. Josée alipiga magoti akiwaokota kwa khanga yake, na kila aliyemwokota alikuwa amevunjika. Hakukutwa gamba la kakakuona. Hakukutwa pembe. Palikuwa na samaki na majani, basi.

"Harufu inabaki," mmoja wa askari alisema, akijipangusa mikono.

Na Zaina, kwa mazoea ya mkono, alikuwa amekwisha kurusha mpira. Rumba aliudaka hewani na kuzunguka nao, mkia ukipiga huku na huku, akapita juu ya samaki.

Josée aliinua uso. Hakupiga kelele tena, na hilo lilimtisha Zaina kuliko kelele.

"Umemupatia zawadi," alisema. "Samaki yangu yote iko chini, na mbwa wako anacheza. Niambie, dada. Amefanya kazi gani hata umupatie zawadi?"

Zaina alimshika Rumba kamba, akarudi garini, na njiani Dady, dereva wa kikosi, baba wa watoto watano na mtu wa maneno mengi, aliendesha gari macho yakiwa mbele tu mpaka wakafika.

Jioni ile, nyuma ya nyumba, Zaina alisugua mikono kwa udongo kuliko siku zote. Kadidja alikuwa ameketi kwenye kigoda akichambua sombe, majani ya mihogo, akamtazama kwa chati.

"Unataka kutoa ngozi?"

Zaina akamweleza. Alieleza mkono wa Josée juu ya kikapu, samaki kwenye tope, mpira. Mwisho akasema lile lililokuwa likimkereketa: "Mama, kabla Rumba hajaketi, aliinua kichwa. Aliniangalia. Nilimuona."

Kadidja akacheka kidogo, cheko la mtu aliyekumbuka kitu.

"Kama wewe kwa maalim Amuri."

"Kwa maalim Amuri nini?"

"Umesahau? Ulipokuwa mutoto chuoni, unasoma Kurani. Maalim alikuwa anapatia mukate mutoto mwenye kusoma vizuri. Kila siku wewe unarudi na mukate, mimi niko najisifu kwa majirani, Zaina wangu amejua juzuu. Siku moja maalim akapata homa, akamutuma ndugu yake. Ukakwama kwa herufi ya kwanza." Kadidja aliweka sombe chini. "Ulikuwa hausomi kitabu. Ulikuwa unasoma nyusi za maalim. Zikipanda, unajua umekosea, unabadilisha. Zikishuka, unaendelea. Herufi hata moja haukujua, lakini mukate ulikula."

Zaina alisimama pale mikono inachuruzika. Alikumbuka. Alikumbuka nyusi zile, nene, zenye mvi upande mmoja, kuliko alivyokumbuka aya yoyote. Wala hakuwa ametaka kudanganya. Mtoto wa umri ule hajui kama anadanganya. Anajua mkate unatoka wapi.

Kesho yake alimwomba Dady amsaidie. Wakachukua makopo ya maziwa matupu, Dady akayapanga uwanjani na kuficha kipande cha gamba ndani ya mojawapo, Zaina akiwa amejifungia jikoni asione. Kisha akatoka na Rumba.

"Usiniambie iko wapi," alimwambia Dady. "Na wewe geuka, tazama barabara."

Walipita mstari mzima. Zaina, kwa kuwa hakujua, hakuwa na pa kutazama. Rumba alinusa kopo la kwanza, akamwangalia. La pili, akamwangalia. Alifika mwisho, akageuka, akarudi, akaanza kulia kwa sauti nyembamba. Kwenye moja ya makopo Zaina alichelewa hatua kidogo, jiwe lilimwingia kwenye kiatu. Rumba akaketi palepale.

"Ni hiyo?" Zaina aliuliza.

Dady aligeuka. Uso wake ulikuwa umesinyaa. "Hapana, Ya Zaina," alisema, akimwita dada kwa desturi ya mji. "Hiyo iko tupu."

Wakarudia. Safari hii Zaina alichagua mwenyewe kopo moja akilini, akajiambia kwa nguvu zote, ni hili, ni hili, bila kusimama, bila kunyoosha mkono. Rumba alipofika hapo, akainua kichwa, akamtazama machoni, akaketi. Nalo lilikuwa tupu. Gamba lilikuwa kwenye kopo la mwisho, na Rumba alikuwa amelipita kama anapita jiwe.

Zaina alikaa chini kwenye majani. Rumba alikuja na kumwekea kichwa mapajani, akingoja mpira. Si mbwa mwongo, Zaina alifikiri. Uongo ni wa mtu anayejua ukweli na kuuficha. Huyu alifanya hasa kile alichofundishwa. Pua ni kazi ngumu. Harufu inakwepa, inachanganyika na moshi na mafuta ya mota. Uso wa Zaina ulikuwa rahisi, nao ulilipa vilevile. Nani angeacha njia ya tambarare apande mlima, ikiwa mikate yote iko tambarare? Na uso wenyewe ulitaka nini? Ulitaka vikapu vya Josée viwe na magamba ya kakakuona. Ulitaka kelele za watu, redio, na Sadrack akimpiga begani. Rumba alimnusa yeye.

Sadrack hakupokea habari hizo vizuri. Alikuwa akiandaa mkutano na wakubwa wa mkoa, na alitaka Rumba awepo.

"Zaina, tangu mbwa huyu ashuke bandarini, wawindaji wanaogopa. Hiyo peke yake ni kazi. Mara moja moja anakosea, bon, hata askari anakosea."

"Hakosei, chef. Anaketi pale mimi ninapotaka aketi."

"Unataka kuniambia mbwa anasoma mawazo?"

"Chukua kamba wewe. Anakujua, wewe ulimufundisha. Nimepanga masanduku uwanjani, nimeficha gamba kwa sanduku la katikati. Mupitishe."

Sadrack alichukua kamba. Alikuwa mtu mwenye mwendo mzuri na mbwa, mwepesi, hapigi kelele. Alimpitisha Rumba kwenye masanduku, na mbele ya sanduku la katikati Rumba alimwinulia macho, akaketi, kifua mbele.

"Ona!" Sadrack alisema. "Safi kabisa!"

"Fungua."

Aliinama akafungua. Akatia mkono ndani, akaupeleka mpaka pembeni, akautoa mtupu. Zaina alikwenda kwenye sanduku la ukingoni, akatoa gamba, akaliweka juu ya kifuniko. Hakuona raha yoyote ya kumshinda, maana Sadrack alikuwa amekaa juu ya sanduku lile tupu, mikono magotini, kama mtu aliyeletewa habari ya msiba.

"Nilijua," alisema. "Yaani, nilifundishwa. Mwalimu wetu alituambia kila siku: usimlipe mbwa kwa jambo ambalo haukuliona. Na mimi njo nilikuambia, mupatie." Akainua uso. "Wakubwa walikuwa wanauliza tu, mbwa ameketi mara ngapi. Hakuna mutu aliuliza, chini yake mulikuta nini."

Mkutano na wakubwa ulifanyika bila mbwa. Sadrack aliwaambia kwamba Rumba anarudi shuleni, na kwamba hata yeye hajui ni mpaka lini. Walikunja nyuso. Alivumilia.

Kumfundisha mbwa jambo ni kazi. Kumfundua, aache alichozoea, ni kazi kubwa zaidi. Sadrack na Dady walitengeneza masanduku yenye kidirisha juu. Dady alikaa nyuma ya ubao, yeye peke yake akijua gamba liko wapi, na Rumba akiketi kwenye sanduku la kweli, Dady alivuta kamba na mpira ukadondoka palepale kwenye sanduku, utoke kwenye harufu, usitoke mkononi mwa mtu. Zaina alitembea tu. Hakuwa na mpira, hakuwa na la kujua.

Rumba hakuelewa. Aliketi mbele ya sanduku tupu, akamtazama Zaina, akangoja. Mpira haukuja. Zaina alidhani atakata tamaa na kuacha, lakini ilikuwa kinyume: Rumba alizidi kuketi. Aliketi kwa nguvu, akaketi kila mahali, akabweka, yeye asiyebweka, akampapasa Zaina magotini kwa kucha, kama mtu anayegonga mlango uliokuwa ukifunguliwa siku zote na leo umefungwa. Zaina alijifunika uso kwa mtandio ili asisomeke. Rumba akaingiza pua chini ya mtandio kumtafuta.

"Mupatie hata kidogo," Dady alisema kutoka nyuma ya ubao. "Ya Zaina, anahuzunisha."

"Ukimupatia sasa," Sadrack alijibu, "atajifunza kwamba lazima alie zaidi. Basi kesho atalia zaidi."

Kisha ikaja siku mbaya kuliko zote, siku ambayo Rumba hakutaka hata kutoka kibandani. Alilala amegeukia ukuta. Zaina aliingia akaketi karibu naye kwenye saruji, asijali ndoo wala udongo, akamwekea mkono mgongoni. Aliogopa kwamba amevunja kitu kisichoungika. Alijiuliza pia, tangu redio iliponyamaza kumtaja, yeye mwenyewe amekuwa akiamka kwa furaha gani? Hata yeye alikuwa amezoea kurushiwa mpira. Kuamka bila huo kulikuwa kuzito, na bado alikuwa ameamka.

Sadrack akapunguza mambo. Sanduku moja tu uwanjani, na ndani yake gamba, jambo ambalo hata mtoto wa mbwa angeliweza. Rumba alijikokota, akanusa kwa kuwa hapakuwa na jingine la kufanya, akaketi bila imani. Mpira ukadondoka mbele ya pua yake. Alishtuka. Alilitazama sanduku, akamtazama Zaina, akalitazama sanduku tena.

Kutoka hapo mambo yalijongea polepole. Masanduku mawili, kisha mengi. Zaina hakuweza kusema ni siku gani hasa jambo lilitokea, ila asubuhi moja, umande bado uko kwenye majani, aligundua kwamba Rumba amepita mstari mzima bila kumtazama hata mara moja. Pua chini, mkia umetulia, anapiga pumzi fupifupi. Alilipita sanduku ambalo Zaina alidhani ni lenyewe. Alirudi kwenye jingine, akanusa pembe zake, akaketi, uso wake ukiwa umeelekea sanduku. Dady akavuta kamba. Nyuma ya ubao alisikika akiimba.

Zaina alifurahi, na wakati huohuo akahisi upweke kidogo, kama mama ambaye mtoto wake ameachia mkono.

Kabla Rumba hajarudi bandarini, Zaina alikwenda soko kuu kumtafuta Josée. Alimkuta nyuma ya meza yake, samaki wachache, wateja wachache zaidi.

"Mama Josée, nimekuja kuomba musamaha. Mbwa hakukosea. Ni miye. Nilikuwa nakudhania, naye aliona ninakudhania."

Josée aliendelea kufukuza nzi kwa kipande cha karatasi. "Unajua wananiita nani hapa? Mama Magamba. Mutu anachukua samaki, ananusa, anacheka, anarudisha. Sasa musamaha yako niiweke wapi? Niiuze?"

"Unataka nifanye nini?"

"Ulinivua mbele ya batu, univike mbele ya batu. Siku nitashuka na balenieri, leta ule mbwa. Apite kwa bikapu byangu, kila mutu aone."

"Mama," Zaina alisema, "siwezi kukuahidi mbwa atafanya nini. Nikiweza kuahidi, basi ni uongo ule wa zamani."

Josée alimtazama kwa mara ya kwanza tangu afike. "Sikuomba ahadi," alisema. "Nilisema umulete."

Siku hiyo ilipofika, bandari ilikuwa imejaa. Habari zilikuwa zimetangulia. Wapo waliokuja kwa ajili ya samaki na wapo waliokuja kwa ajili ya kicheko. Vikapu vya Josée viliwekwa kwenye mstari pamoja na mizigo ya wengine, Sadrack akisimamia. Josée mwenyewe alisimama kando, mikono kifuani, safari hii hakugusa kitu.

Zaina alifungua kamba ndefu, akamkabidhi Dady mwisho wake, kisha akafanya jambo lililowashangaza watu: akageuka, akawapa mgongo mbwa na mizigo, akatazama mto. Maji yalikuwa ya kahawia na yanakwenda kasi, yakibeba magugu. Nyuma yake alisikia nyayo za Rumba kwenye mchanga. Alisikia kelele za watu zikipungua. Akajua, kwa jinsi kimya kilivyoingia, kwamba Rumba amefika kwa Josée.

Zaina alisikia pua ikifanya kazi, ile pumzi fupifupi. Samaki wa moshi wana harufu ya kumlevya hata mtu aliyeshiba. Shingo yake ilitaka kugeuka, kila mshipa ulitaka kugeuka. Alishika mikono yake miwili kwa nguvu, akaiacha shingo ilivyo.

"Anaketi?" mtu mmoja alinong'ona.

"Bado."

"Anaketi…"

"Hapana. Anapita! Anaenda! Amepita!"

Ndipo kelele zikalipuka. Zaina alipogeuka, Rumba alikuwa mwisho wa mstari, ananusa gunia la makaa, anageuka, hana la kuketia. Mizigo yote ya siku ile ilikuwa safi. Mbwa alimtazama Dady, akapiga miayo, akajikuna sikio.

Mwanamke mmoja kutoka kwenye lile kundi la watazamaji alikuwa wa kwanza kumfikia Josée na kuuliza bei. Wa pili akamfuata. Josée aliuza akiwa bado amesimama, hajafungua hata majani ya kikapu cha pili, sauti yake imerudi yote kama zamani. Katikati ya biashara akachagua samaki mmoja mnono, akamwelekea Rumba.

"Chukua, mama. Umesema kweli."

"Usimupatie!" Zaina na Sadrack walisema kwa pamoja.

Josée akasimama, samaki mkononi. "Sababu gani? Safari ile alinitia aibu, akapata mupira. Leo amenipatia heshima yangu, njo asipate kitu?"

"Akila kwako leo," Zaina alisema, "safari ijayo atakaa mbele ya kikapu chako akingoja samaki. Na askari watamwaga tena."

Josée alifikiri. Akatikisa kichwa taratibu, akamrudisha samaki kwenye kikapu, kisha akabadili mawazo, akamtoa tena na kumsukumia Zaina kifuani.

"Basi kula wewe. Ama na wewe utaharibika?"

Watu wakacheka, na Zaina akacheka nao, ingawa swali lile hakulichukulia mzaha. Alimkunja samaki kwenye jani. Alitaka kusema jambo la maana, jambo la kufunga aibu ya siku zote zile, lakini wateja walikuwa wamemzunguka Josée pande zote na yeye amewageukia.

"Sogea kidogo, dada," Josée alimwambia bila kumtazama, akinyoosha mkono kupokea kikapu cha mteja. "Unanifungia njia."

Zaina akasogea. Upande wa juu wa bandari, balenieri nyingine ilikuwa inazima mota na kutupa kamba, na Dady alikuwa amekwisha kumpeleka Rumba huko.